Kuuliza Majina ya Nkambo Si Kuabudu Mizimu

Ezra 2 inataja makuhani waliotoka Babeli wakakosa kazi ya hekalu, sababu vizazi vyao havikuonekana katika maandiko. Basi kuuliza nkambo ni nani si dhambi.

Hapa Lubumbashi kuna kazi. Union Minière, iliyoanzishwa 1906, ilileta watu kutoka Kasai, Maniema, hata Rwanda na Burundi, wakazaa watoto kambini. Ndugu wa tumbo moja, kila mmoja na jina lake: huwezi kufuata jamaa kwa jina la baba tu. Mwaka 1972 Mobutu akakataza majina ya Kikristo. Aliyebatizwa Jean akaandikwa jina lingine, na leo wajukuu wanadhani ni watu wawili!

Tena Mulamba anahesabu ukoo kwa mama, Muluba wa Kasai kwa baba. Waliooana hao, siku ya mahari ya binti yao ndipo wajomba na baba wadogo wanaanza kuulizana.

Andikeni pande zote mbili: nani alizaa nani, jina la ubatizo, jina la 1972, kijiji, kambi. Mtoto aliyezaliwa kambini mwaka 1930 leo amepita miaka 90. Mwende kwake wiki hii.