Fitzroy: Klabu iliyofutwa ligini ikarudi mtaani

Mwaka 1916 klabu ya Fitzroy ya jijini Melbourne ilifanya jambo ambalo hakuna timu nyingine iliyowahi kulifanya katika ligi kuu ya kandanda ya Kiaustralia: ilishika mkia, kisha ikatwaa ubingwa. Vita Kuu ya Kwanza ilikuwa imewachukua vijana kwenda ng'ambo, na klabu nyingi zilijiondoa mashindanoni. Zilibaki nne tu: Carlton, Collingwood, Richmond na Fitzroy. Katika mechi 12 za msimu, Fitzroy ilishinda mbili, ikatoka sare moja na kupoteza tisa. Kwa kuwa timu zote nne ziliingia hatua ya mtoano, wa mwisho naye alipata nafasi. Fitzroy ikaamka, ikashinda mfululizo, na katika fainali ikaichapa Carlton kwa pointi 85 dhidi ya 56.

Klabu iliyozoea kuinuka toka chini iliuhitaji moyo huo tena miaka 80 baadaye, siku ilipoondolewa kwenye ligi kuu.

Mchezo wenyewe si soka. Kanuni zake ziliandikwa Melbourne mwaka 1859, na unachezwa kwenye uwanja wenye umbo la yai, wachezaji 18 kila upande. Mpira nao ni wa umbo la yai. Hupigwa kwa mguu au kwa ngumi, na kuurusha kwa mkono ni kosa. Kila upande wa uwanja husimama nguzo nne, hakuna wavu wala golikipa. Mpira uliopigwa kwa mguu ukapita kati ya nguzo mbili ndefu za katikati huleta pointi sita. Ukipita kati ya mojawapo ya hizo na nguzo ya pembeni, pointi moja. Kinachowainua watazamaji vitini ni mchezaji anayeruka juu ya mabega ya wenzake na kuudaka mpira hewani.

Fitzroy ni mtaa ulio kaskazini-mashariki mwa kitovu cha Melbourne. Mwishoni mwa karne ya 19 ulikuwa mtaa wa wafanyakazi, wenye vichochoro vyembamba na viwanda vya viatu na vya peremende. Klabu iliundwa mwaka 1883, ikaingia katika chama cha kandanda cha jimbo la Victoria mwaka uliofuata, na kupata uwanja wake kando ya barabara ya Brunswick. Jukwaa la mbao lililojengwa hapo mwaka 1888 lingali limesimama. Fitzroy ilikuwa bingwa wa Victoria mwaka 1895, na mwaka 1897 ilikuwa miongoni mwa klabu nane zilizojitenga na kuanzisha ligi mpya, VFL, ambayo leo inajulikana kama AFL.

Mwanzoni hakuna aliyeiweza kirahisi. Ilichukua ubingwa wa ligi hiyo mwaka 1898 na 1899, ikarudia 1904 na 1905, kisha 1913, 1916 na 1922. Katika kikosi cha 1904 na 1905 alikuwemo Joe Johnson, anayetambuliwa kuwa Mwaborijini wa kwanza kucheza ligi hiyo. Waaborijini ndio wenyeji wa asili wa Australia, na wakati huo sheria ziliwabana katika kila jambo, hata wapi waishi na nani awalee watoto wao.

Miaka 28 baada ya Johnson akaja Doug Nicholls. Alizaliwa mwaka 1906 katika makazi ya Waaborijini ya Cummeragunja, kando ya mto Murray. Alikuwa mfupi, sentimita 157 tu, lakini mbio zake zilikuwa za upepo. Mwaka 1927 alikwenda kufanya majaribio Carlton, akakataliwa kwa sababu ya rangi yake. Alidhalilishwa kwa maneno ya kwamba ananuka, na wakandaji wa timu walikataa kumgusa. Akahamia Northcote, klabu ya daraja la chini, akang'ara huko miaka mitano na kutwaa nayo ubingwa. Mwaka 1932 Fitzroy ikamsajili.

Siku za mwanzo Nicholls alijitenga katika kona ya chumba cha kubadilishia nguo. Aliyemwendea ni Haydn Bunton, nyota mkubwa kuliko wote katika ligi, ambaye alihakikisha mgeni huyo anakaa pamoja na wenzake. Bunton alishinda medali ya Brownlow, tuzo ya mchezaji bora na muungwana wa ligi, mwaka 1931, 1932 na 1935. Mtu wa hadhi yake angeweza kunyamaza, na kimya chake kingetosha kumfukuza Nicholls. Hakunyamaza. Nicholls alicheza mechi 54 akiwa na Fitzroy, na mwaka 1935 akaichezea timu ya jimbo la Victoria, Mwaborijini wa kwanza kupata heshima hiyo.

Alipostaafu mchezo hakuusahau mtaa. Akawa mchungaji wa kanisa dogo katika barabara ya Gore, papo hapo Fitzroy, na mtetezi wa haki za watu wake. Mwaka 1972 alitunukiwa cheo cha Sir, na mwaka 1976 akawa gavana wa jimbo la Australia Kusini, Mwaborijini wa kwanza kushika wadhifa huo. Leo raundi maalumu ya ligi kuu inayoadhimisha mchango wa Waaborijini ina jina lake. Ukiniuliza kombe kubwa la Fitzroy ni lipi, nitataja uamuzi wa 1932 kabla ya kutaja fainali yoyote.

Ubingwa wa nane ulikuja mwaka 1944 kwa kuifunga Richmond. Haukufuatwa na mwingine. Klabu iliendelea kutoa wachezaji wakubwa, kama Kevin Murray, aliyeichezea mechi 333 na kushinda Brownlow mwaka 1969 bila kuonja fainali hata moja ya ubingwa. Lakini timu ilidhoofika. Mwaka 1963 ilishinda mechi moja tu, nayo ilikuwa dhidi ya Geelong, waliokuja kuwa mabingwa mwaka huohuo. Mwaka 1964 haikushinda kabisa.

Pigo lililoumiza kuliko kufungwa ni kupoteza nyumba. Baada ya msimu wa 1966 Fitzroy iliuacha uwanja wake wa Brunswick, na tangu hapo ikawa mpangaji: Princes Park, kisha Junction Oval upande wa pili wa jiji, kisha Victoria Park, Princes Park tena, na mwishowe uwanja wa Footscray. Kila ilipohama, ilizidi kuwa mbali na familia zilizozoea kwenda mechini kwa miguu. Wafanyakazi wengi nao walikuwa wakihamia vitongoji vya mbali.

Haikukosa siku za furaha. Julai 1979 iliichapa Melbourne kwa pointi 238 dhidi ya 48. Tofauti hiyo ya pointi 190 bado ni rekodi ya ligi. Mwaka 1986 ilifika hatua moja kabla ya fainali kuu. Hata hivyo, mchezo ulikuwa umegeuka biashara ya kitaifa. Mishahara ilipanda, timu mpya ziliundwa katika majimbo mengine, na klabu isiyo na uwanja haikuwa na chanzo cha uhakika cha mapato. Fitzroy ikakopa, hata kwa shirika la bima la Nauru, kisiwa kidogo cha Pasifiki kilichotajirika kwa fosfeti.

Juni 1996 mdai huyo alichoka kusubiri, na msimamizi akateuliwa kushika fedha za klabu. Fitzroy ilitaka kuungana na North Melbourne, majirani wa jiji moja. Klabu nyingine zilikataa, zikihofia kuzaliwa kwa timu yenye nguvu kupita kiasi. Badala yake shughuli zake za ligi kuu ziliunganishwa na za Brisbane Bears, zaidi ya kilomita 1,300 kutoka nyumbani. Mechi yake ya mwisho katika ligi kuu ilichezwa Perth tarehe 1 Septemba 1996, ikafungwa na Fremantle.

Brisbane Lions, timu iliyozaliwa hapo, ilichukua ubingwa mwaka 2001, 2002 na 2003. Chris Johnson, Mwaborijini aliyetoka Fitzroy, alicheza fainali zote tatu. Baadhi ya mashabiki wa zamani waliishangilia, na wengine hawakuweza kuiita yao. Siwalaumu wowote kati yao.

Lakini kampuni ya klabu haikuvunjwa. Wanachama waliilinda, ikatoka mikononi mwa msimamizi, na mwaka 2009, baada ya kuungana na klabu ya Fitzroy Reds, zamani University Reds, Fitzroy ikaingia uwanjani tena katika ligi ya ridhaa ya Victoria. Wachezaji hawalipwi mshahara, na mechi za nyumbani zinachezwa katika uwanja uleule wa Brunswick. Mtaa wenyewe umebadilika: karibu na hapo yapo maghorofa ya serikali ya Atherton Gardens, wanakoishi wahamiaji wengi, wakiwemo wa kutoka Pembe ya Afrika.

Fitzroy imeishi katika ligi ya ridhaa bila mamilioni, ilhali katika ligi kuu ilishindwa kuishi bila uwanja na bila majirani. Viongozi wa klabu za mitaani popote walipo wayapime mambo hayo mawili kabla ya kukubali ahadi ya mwekezaji yeyote. Wadhibiti hati ya uwanja na daftari la wanachama. Na anayebisha hodi, kama Nicholls mwaka 1932, wamfungulie.