Mike Warnke: Mchekeshaji na Ushuhuda Wake

Mike Warnke, mzaliwa wa Indiana, Marekani (1946), alitumika katika jeshi la majini wakati wa vita vya Vietnam. Kitabu chake The Satan Seller, cha mwaka 1972, kilisimulia kwamba kabla ya kuokoka alikuwa kuhani mkuu wa Shetani. Ushuhuda huo ndio uliomfungulia milango ya makanisa; ucheshi ulifuata, na santuri zake zikanunuliwa kwa wingi. Mwaka 1992 jarida la Cornerstone, la Wakristo wenzake wala si la wapinzani wa dini, liliwahoji rafiki zake wa ujana: walimkumbuka kijana hodari wa kutunga hadithi, si kuhani. Kampuni ya santuri ikamwacha. Vichekesho, ambavyo havikudai kamwe kuwa kweli, vilianguka pamoja na ushuhuda uliodai.