Kutoka Amana ya Ng'ombe hadi Akaunti ya Konsoli: Historia Fupi ya Kushirikiana Gemu za Dijitali Dodoma na Uwanda wa Kati

Ikisiri

Makala haya yanachunguza namna desturi ya kushirikiana gemu za video ilivyobadilika kutoka kuazimana diski hadi kushirikiana akaunti, yakichukua Dodoma na uwanda wa kati wa Tanzania kuwa eneo la rejea. Hoja kuu ni kwamba wakazi wa eneo hili walikuwa na mfumo madhubuti wa kutenganisha umiliki wa mali na matumizi yake muda mrefu kabla ya konsoli kuwafikia, yaani kuwekeshana ng'ombe. Hata hivyo, akaunti ya dijitali inatofautiana na amana hiyo katika jambo la msingi: kuwekeshana ng'ombe hutawanya hasara, ilhali kushirikiana akaunti huikusanya mahali pamoja.

1.0 Utangulizi

Kijana anaponunua gemu ya dijitali na kumruhusu ndugu yake kuicheza katika konsoli nyingine, tendo hilo huonekana kuwa la kawaida, sawa na kuazima kitabu au jembe. Kisheria na kiufundi, hata hivyo, tendo hilo ni tofauti sana, kwa kuwa kinachohama si kitu bali ni ruhusa ya kutumia kitu. Swali linaloongoza makala haya ni hili: mtu anapolipia gemu kwa njia ya akaunti, anamiliki nini, na anaweza kumpa mwenzake nini? Ili kulijibu, makala yanafuata mkabala wa kihistoria, yakianza na desturi ya kushirikiana mali katika Ugogo, kisha enzi ya diski, na hatimaye enzi ya akaunti.

2.0 Amana ya Ng'ombe katika Ugogo

Uwanda wa kati ni nchi kame. Dodoma hupata mvua za msimu mmoja, kwa wastani wa takriban milimita 550 hadi 600 kwa mwaka, na mvua hizo hazitabiriki. Historia ya Wagogo kwa hiyo ni historia ya kukabiliana na njaa. Njaa ya Mtunya, iliyotokea kati ya 1917 na 1920 baada ya majeshi ya Wajerumani na ya Waingereza kuchukua mifugo, nafaka na wapagazi, inakadiriwa kuwa iliua watu wapatao 30,000 kati ya 150,000.

Katika mazingira hayo, kuweka mali yote mahali pamoja ni kuikaribisha hasara. Peter Rigby, katika utafiti wake kuhusu ng'ombe na ukoo miongoni mwa Wagogo uliochapishwa mwaka 1969, anaeleza namna wenye mifugo walivyogawa sehemu ya mifugo yao kwa jamaa na marafiki wa maeneo mengine. Aliyewekeshwa alipata matumizi, hususani maziwa, lakini umiliki wa ng'ombe ulibaki kwa mwenyewe. Mambo mawili yanajitokeza hapa. Kwanza, umiliki na matumizi vilitenganishwa waziwazi, na kila upande ulijua haki yake. Pili, mtawanyiko wa mifugo ulikuwa kinga: ukame au ugonjwa ukipiga eneo moja, mifugo ya eneo jingine ilisalimika. Kuwekeshana kulikuwa wema na bima kwa wakati mmoja.

3.0 Enzi ya Diski: Kitu Kinachoshikika

Gemu za video zilihitaji televisheni, na televisheni ilichelewa Tanzania Bara. Wakati Zanzibar ilikuwa na televisheni ya rangi tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970, vituo vya kwanza vya Bara vilianza mwaka 1994, na Televisheni ya Taifa ilifuata mwaka 2000. Kwa sadfa ya kihistoria, konsoli ya kwanza ya PlayStation ilitoka Japani mwezi Desemba 1994, na PlayStation 2 ilitoka mwezi Machi 2000. Hivyo, katika miji mingi ya Bara, skrini na gemu vilienea kwa kufuatana kwa karibu.

Taasisi iliyoieneza gemu mijini ilikuwa kibanda cha gemu. Mwenye kibanda aliweka televisheni na konsoli, na wachezaji walilipia kwa mechi au kwa muda, huku mashabiki wakisubiri zamu. Gemu za mpira wa miguu ndizo zilizotawala. Diski nyingi zilikuwa nakala za kuchoma, zilizochezwa katika konsoli zilizofunguliwa na mafundi. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 tayari ilizitambua programu za kompyuta miongoni mwa kazi zinazolindwa, lakini soko la nakala halali lilikuwa dogo na bei yake ilikuwa juu ya uwezo wa wengi.

Jambo muhimu kwa hoja yetu ni kwamba diski, iwe halali au ya kuchoma, ilikuwa kitu. Iliweza kuazimwa, kuuzwa, kurithiwa na kufichwa chini ya godoro. Aliyeazima hakuweza kucheza wakati diski iko kwa mwenzake, naye alijua aende nyumba gani kuidai. Mgogoro ukitokea, ulitatuliwa na watu wanaofahamiana.

4.0 Enzi ya Akaunti: Ruhusa Isiyoshikika

Mtandao wa PlayStation ulianzishwa mwezi Novemba 2006 pamoja na PlayStation 3. Mwanzoni gemu moja ya dijitali iliweza kutumika katika konsoli tano za akaunti moja. Mwezi Novemba 2011 Sony ilipunguza idadi hiyo kuwa mbili. Diski zilizokwisha kuuzwa haziwezi kupunguziwa matumizi kwa tangazo, lakini ruhusa inaweza.

Mwaka 2013 suala hili lilizua mjadala wa dunia. Mwezi Juni, Microsoft ilitangaza masharti ya Xbox One ambayo yangeilazimisha konsoli kuwasiliana na seva kila baada ya saa 24 na yangeweka mipaka katika kuazimana na kuuza diski zilizotumika. Wachezaji walipinga, na tarehe 19 Juni masharti hayo yalifutwa. Pamoja nayo ulifutwa mpango ambao ungemwezesha mtu kushirikiana maktaba yake ya gemu na wanafamilia hadi kumi.

Utaratibu uliobaki, na ambao unatumika mpaka sasa kwa sura mbalimbali, ni wa konsoli kuu. Leseni ya gemu hukaa mahali pawili: kwenye akaunti ya mnunuzi, na kwenye konsoli moja ambayo mnunuzi ameitangaza kuwa kuu. Yeyote anayetumia konsoli kuu anaweza kucheza gemu hizo kwa akaunti yake mwenyewe, hata bila intaneti. Mnunuzi naye anaweza kucheza gemu zilezile katika konsoli nyingine, alimradi ameingia kwa akaunti yake na seva imethibitisha leseni. Kwa njia hiyo, watu wawili hucheza gemu iliyonunuliwa mara moja.

Mfumo huu una sura ya amana. Mnunuzi anayeitangaza konsoli ya nduguye kuwa kuu humpa nafasi iliyo bora kuliko yake mwenyewe, kwa kuwa intaneti ikikatika, ndugu huendelea kucheza ilhali mwenye mali amefungiwa nje. Ni kama mwenye ng'ombe anayekosa maziwa ili aliyewekeshwa ayapate.

5.0 Dodoma na Akaunti ya Ugenini

Kwa mchezaji wa Dodoma, kuna tatizo jingine linalotangulia hayo. Tanzania haimo katika orodha ya nchi ambazo Mtandao wa PlayStation unazihudumia rasmi. Anayefungua akaunti hulazimika kuchagua nchi nyingine, kwa mfano Afrika Kusini, Uingereza au Marekani, kisha kutafuta kadi za malipo za nchi hiyo. Ukubwa wa pengo hili ulidhihirika mwezi Mei 2024, wakati sharti la kuunganisha gemu ya Helldivers 2 na akaunti ya mtandao huo liliposababisha gemu hiyo kuondolewa sokoni katika nchi zaidi ya 170 kupitia duka la Steam.

Wakati huohuo, mazingira ya Dodoma yalikuwa yakibadilika. Nyaya za baharini zilizofika Dar es Salaam kuanzia mwaka 2009, pamoja na Mkongo wa Taifa wa Mawasiliano, zilileta intaneti ya kasi bara. Serikali ilianza kuhamia Dodoma mwaka 2016, na mwaka 2018 Dodoma ikatangazwa kuwa jiji. Sensa ya mwaka 2022 ilihesabu katika jiji hilo watu 765,179, ikilinganishwa na 410,956 mwaka 2012. Hata hivyo, gemu moja ya kisasa huweza kuzidi gigabaiti 50, kiasi ambacho ni mzigo mzito kwa anayetegemea vifurushi vya simu. Kushirikiana, kwa hiyo, si anasa. Ni njia ya kugawana gharama.

6.0 Umiliki mbele ya Sheria

Mahakama za nje zimeshughulikia swali letu bila kulimaliza. Mwezi Julai 2012, Mahakama ya Haki ya Umoja wa Ulaya iliamua katika shauri la UsedSoft kwamba programu ya kompyuta iliyopakuliwa kwa leseni isiyo na ukomo inaweza kuuzwa tena. Mwezi Septemba 2019 mahakama moja ya Paris ilifuata mwelekeo huo kuhusu gemu zilizouzwa na kampuni ya Valve, lakini mwezi Oktoba 2022 Mahakama ya Rufani ya Paris ilitengua uamuzi huo. Jimbo la California lilichagua njia nyingine: kuanzia Januari 2025, sheria yake inamtaka muuzaji amweleze mteja wazi kwamba anachopata ni leseni.

Mchezaji wa Dodoma yuko mbali zaidi na ulinzi huo. Akaunti yake inasema anaishi nchi ambayo haishi. Akipokonywa akaunti na mtu aliyempa nywila, hana mzee wa kumwendea, na ushahidi wake mwenyewe unampinga.

7.0 Hitimisho

Makala haya yameonyesha kwamba kushirikiana akaunti hakukuzuka bila mizizi katika fikra za wakazi wa uwanda wa kati. Wazo la kumpa mwenzako matumizi bila kumpa umiliki ni la kale. Lakini mfanano huo una mpaka. Mwenye ng'ombe alikuwa mwenye mali kweli. Mwenye akaunti ni mpangaji anayempangisha mwingine. Aidha, mifugo iligawanywa ili hasara ya mmoja isiwe ya wote. Katika akaunti, mmoja akikiuka masharti na akaunti ikafungwa, wote hupoteza kila kitu siku hiyohiyo. Mwezi Aprili 2011, Mtandao wa PlayStation ulipovamiwa na kuzimwa kwa zaidi ya wiki tatu, akaunti zipatazo milioni 77 ziliathirika kwa pamoja: zizi lilikuwa moja.

Kutokana na hayo, makala yanapendekeza mambo mawili. Kwanza, sheria za kumlinda mlaji nchini zitambue bidhaa za dijitali, na zimtake muuzaji aeleze kwa Kiswahili kinachouzwa ni kitu au ni leseni. Pili, wanaoshirikiana wakubaliane mapema, kama walivyofanya wenye mifugo, nani ni mwenyewe, nani ni mwekeshwa, na nini kitafanyika wakitengana. Wagogo wa zamani walimkabidhi mtu ng'ombe baada ya kumjua. Nywila nayo inastahili tahadhari hiyohiyo.