Visiwa vya Bahari na Visiwa vya Nchi Kavu

Nchi waionayo watu wa Yaeda Chini kila siku yafaa sana kwa kuanzia mazungumzo yetu ya leo. Wakati wa kiangazi bonde hukauka, udongo wa magadi hung'aa, na migunga na mibuyu husimama bila majani. Lakini mtu akiinua macho upande wa mashariki aona ukingo wa nyanda za juu za Mbulu, na kusini zaidi aona Mlima Hanang, ambao kilele chake chapita futi 11,000. Huko juu kuna ukungu, baridi na msitu. Kwa ndege wengi waliozoea kivuli cha msitu ule, bonde hili la jua ni kama bahari, na mlima ni kisiwa.

Nimesema kisiwa kwa makusudi, kwa maana ni visiwa vilivyowafunulia watu elimu ya mageuko, yaani jinsi viumbe wanavyobadilika vizazi kwa vizazi hata wakawa aina mbalimbali. Sina nia ya kuingilia dini ya mtu. Nataka kueleza tu mambo yaliyoonekana, na jinsi yalivyofikiriwa.

Mwezi wa Desemba 1831 merikebu ya Kiingereza iitwayo Beagle ilitweka kutoka Plymouth kwenda kupima pwani za Amerika ya Kusini. Ndani yake alikuwamo kijana wa miaka 22, Charles Darwin, ambaye baba yake alitaka awe tabibu, kisha kasisi, naye hakuwa lolote katika hayo mawili. Safari iliyodhaniwa kuwa ya miaka miwili ikachukua karibu mitano. Septemba 1835 wakafika Galápagos, visiwa vilivyozaliwa kwa moto wa volkano, maili 600 hivi kutoka bara. Darwin alikaa huko majuma matano tu.

Mkubwa mmoja wa visiwa vile alimwambia kwamba, akionyeshwa kobe, aweza kusema ametoka kisiwa kipi. Darwin hakulitia maanani neno hilo mara moja. Kobe waliliwa na mabaharia, magamba yakatupwa. Na wale ndege wadogo mfano wa shomoro aliowakusanya, hakuandika vema kila mmoja ametoka wapi. Mwaka 1837, huko London, John Gould, mjuzi wa ndege, aliwatazama akasema kwamba wale waliodhaniwa kuwa wa jamaa mbalimbali wote ni jamaa moja, wenye midomo ya maumbo mbalimbali. Hapo Darwin ikambidi aombe mikusanyo ya nahodha wake, FitzRoy, na ya mtumishi wake mwenyewe, ambao waliandika majina ya visiwa kwa uangalifu kuliko yeye. Mwanafunzi aliyewahi kusahau kuandika tarehe katika daftari lake na apate faraja kidogo hapa.

Swali lililomshika Darwin lilikuwa hili. Visiwa vya Cape Verde, karibu na Afrika Magharibi, navyo ni vya volkano, vikavu na vyenye joto kama Galápagos. Kama viumbe wangalifanyizwa kulingana na nchi tu, wa huku na wa huko wangalifanana. Lakini sivyo: wa Galápagos wafanana na wa Amerika, na wa Cape Verde wafanana na wa Afrika. Basi yaonekana wazee wao walivuka kutoka bara iliyo jirani, kisha watoto wao wakabadilika kila kisiwa kwa namna yake.

Wanabadilikaje? Mfugaji wa Kidatoga hawaachi mafahali wote wazae, humchagua mmoja. Nchi nayo huchagua, ijapokuwa haina nia. Mwaka 1977 ukame mkali uliingia katika kisiwa kidogo cha Galápagos kiitwacho Daphne Major, ambapo Peter na Rosemary Grant walikuwa wakiwapima ndege mmoja mmoja. Mbegu laini zikaisha, zikabaki ngumu. Ndege wenye midomo midogo wakafa wengi kuliko wale wenye midomo minene, na watoto waliozaliwa baadaye walikuwa na midomo minene kuliko kizazi kilichotangulia. Watu walioona kiangazi kikichagua ng'ombe wa kufa na wa kuishi hawatapata taabu kulielewa jambo hili.

Darwin hakuwa peke yake. Alfred Russel Wallace, mtu asiye na mali, alizunguka katika visiwa vya Malaya tangu 1854 hata 1862, akiishi kwa kuuza ndege na wadudu aliowakausha, akisaidiwa sana na kijana wa Kimalaya jina lake Ali. Mwaka 1856 alivuka kutoka Bali kwenda Lombok, mlango wa bahari wa maili 20 hivi, akaona ndege wamegeuka kana kwamba amevuka bahari kuu: huku wengi ni wa jamaa za Asia, huko ni wa jamaa za Australia. Mlango ule ni mwembamba, lakini kina chake ni kirefu. Mwaka 1858, akiwa katika homa ya kutetemeka, Wallace alipata fikra ileile ambayo Darwin alikuwa ameiweka kwa miaka ishirini bila kuitangaza, akamwandikia barua. Tarehe 1 Julai 1858 maandishi yao yalisomwa pamoja London, na kitabu cha Darwin kikatoka mwaka 1859.

Jambo la namna ya Bali na Lombok tunalo kwetu pia. Kati ya Unguja na bara maji si marefu. Miaka 20,000 hivi iliyopita, dunia ilipokuwa na barafu nyingi na bahari imeshuka futi 400 hivi, mtu angaliweza kwenda Unguja kwa miguu. Lakini kati ya Pemba na bara kuna kina cha zaidi ya futi 1,500, nacho hakikukauka. Basi Pemba, ijapokuwa ni ndogo kuliko Unguja, ina ndege wanne wasiopatikana penginepo duniani: ninga, bundi, chozi na kinengenenge. Hata popo wake mkubwa alaye matunda hana ndugu wa karibu barani Afrika. Jamaa zake wako Madagaska, ambayo wazee waliiita Bukini, na Asia.

Kinengenenge ni ndege mdogo wa rangi ya majani na manjano, mwenye duara jeupe kuzunguka jicho. Naye ndiye anayeturudisha Mbulu. Mwaka 1928 alifika Amani, katika milima ya Usambara, Mwingereza jina lake Reginald Moreau. Aliajiriwa kwa kazi za ofisi na vitabu katika kituo cha utafiti wa kilimo, lakini moyo wake ulikuwa kwa ndege. Yeye na mwenzake Sclater waliwapa majina ya kitaalamu vinengenenge kadhaa wa milimani: mwaka 1934 yule wa Pare Kusini, aliyepewa jina la Winifred, mkewe Moreau, na mwaka 1935 yule wa kwenu, Zosterops mbuluensis. Wa Kilimanjaro na Meru ni mwingine, mwenye duara pana zaidi la jicho.

Moreau alijiuliza jinsi ndege wa msitu walivyoifikia milima iliyotengwa na nyika. Alidhani kwamba zamani, nchi ilipokuwa na baridi na unyevu zaidi, misitu ilishuka ikakutana. Kisha ikapanda tena ikaachana, kama maji ya mbuga ya Yaeda yakaukavyo na kuacha vidimbwi. Kwa ndege wengi fikra hii yafaa. Kwa vinengenenge mambo yametatanika zaidi: uchunguzi wa chembe za urithi uliotolewa mwaka 2014 umeonyesha kwamba wa mlima mmoja mara nyingi si ndugu wa karibu wa yule wa mlima jirani, bali ana ndugu wa karibu zaidi wakaao nchi za namna nyingine kabisa. Kufanana kwa sura si dalili ya kutosha ya udugu. Na kiumbe wa kisiwa, msitu wake ukikatwa, hana pa kuhamia. Kinengenenge wa Taita amebakiwa na vipande vidogo tu vya msitu.

Sasa nafikia neno ambalo limewadhuru watu wa Yaeda Chini wenyewe. Wako walioisikia elimu hii nusunusu, wakaifanya ngazi: chini viumbe duni, juu wao wenyewe. Wakawatazama Wahadzabe, wawindao kwa upinde, wachimbao mizizi na kurina asali, wakasema ati hawa ni masalio ya watu wa kale. Wengine wakazitaja hata nyayo za Laetoli, zilizoonekana mwaka 1978 kaskazini mwa Ziwa Eyasi, kana kwamba aliyezikanyaga aliwaachia Wahadzabe peke yao urithi. Nyayo hizo zina umri wa miaka milioni 3 na zaidi, nazo zahusu ukoo wa wanadamu wote.

Darwin hakuchora ngazi. Mwaka 1837 alichora katika daftari lake mti wenye matawi. Kinengenenge wa Pemba si mzee wa kinengenenge wa Mbulu, wala wa Mbulu si mkubwa wake. Kila mmoja ametoka kwa wazee wao kwa njia yake, na njia zote zimefika leo. Mhadzabe achongaye mshale, Mwiraqw alimaye mtama na mtu wa London apandaye treni wana wazee wa kale sawasawa, na mambo ya kila mmoja yamebadilika njiani. Lugha yatoa mfano mwema, na Darwin mwenyewe aliitumia lugha kuwa mfano. Kihadzabe kina sauti za kidoko, na zamani wengi walikitia katika kundi moja na lugha za kusini mwa Afrika; lakini udugu huo haukuthibitika. Chakaa peke yake kati ya Kiiraqw, Kidatoga na lugha za Kibantu, lakini maneno yake ni ya watu waliopo leo.

Mwaka 1964 na 1965 Serikali ilijaribu kuwakusanya Wahadzabe wakae Yaeda Chini kama wakulima. Maradhi yakazuka kati yao, na wengi wakarudi porini. Mwaka 2011 Wahadzabe wa Bonde la Yaeda walipewa hati ya kimila ya ardhi ya zaidi ya hekta 20,000.