MAHAME SI PORI: UHAMAJI NA MATUMIZI YA ARDHI KATIKA NCHI YA GWASSI

Utangulizi

Magunga ni mji mdogo wa soko katika nchi ya Gwassi, kusini-magharibi ya Kenya, penye barabara itokayo Mbita na Sindo kwenda Karungu na Sori. Upande mmoja wa vilima vya Gwassi ni Ziwa Viktoria. Upande wa pili ni bonde la Lambwe, na ng'ambo ya bonde husimama ukingo wa Kanyamwa. Kwa mipaka ya utawala wa leo mji huu umo katika Kaunti ya Homa Bay, na kusini yake, si mbali, ni Kaunti ya Migori. Hata hivyo, historia ya wakazi wake ni kongwe kuliko mipaka hiyo.

Kwa kawaida historia ya nchi hii husimuliwa kama orodha ya wageni: nani alifika kwanza, nani akamfuata, na nani akammeza mwenziwe. Masimulizi ya namna hiyo yana manufaa, lakini huacha nusu ya jambo. Nchi ya Gwassi ilijengwa na waliofika, na vile vile na walioondoka. Maana mahame yaliota vichaka, vichaka vikawa makao ya mbung'o, na penye mbung'o pakaja kuhesabiwa kuwa pori la tangu na tangu. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba ardhi iliyoachwa na ardhi isiyo na mwenyewe ni vitu viwili mbalimbali, na kwamba tofauti hiyo imehifadhiwa vizuri zaidi katika lugha za wenyeji kuliko katika daftari za serikali.

Waliofika

Abasuba, ambao kwa Kiswahili huitwa Wasuba, ni watu wa asili ya Kibantu. Mwanahistoria Henry Ayot, katika kitabu chake juu ya Waluo-Abasuba kilichotoka mwaka 1979, aliianzisha habari yao katika mwaka 1760. Simulizi za koo nyingi zaeleza kwamba wahenga wao walitoka Buganda na Busoga kwa sababu ya fitina za nyumba ya kifalme, baada ya Kabaka kuuawa. Walisafiri kwa mitumbwi hadi visiwa vya Rusinga na Mfangano, na kutoka huko wengine wakavuka kuingia bara, Kaksingri na Gwassi.

Nchi waliyoingia haikuwa tupu. Kusini ya Gwassi, katika Nyatike, yapo maboma ya Thimlich Ohinga, yenye kuta za mawe yaliyopangwa bila udongo wala chokaa. Yanakadiriwa kuanza kujengwa yapata miaka 500 iliyopita, na mwaka 2018 UNESCO iliyaingiza katika orodha ya urithi wa dunia. Jambo kubwa kuliko umri wake ni jinsi yalivyotumika. Watu walikaa humo, wakahama. Wengine wakaingia, wakatengeneza kuta na kukaa, nao wakahama, mpaka karne ya 20. Kwa wakazi wa zamani, basi, kuhama kulikuwa sehemu ya namna ya kuitumia ardhi. Shamba lilipochoka au maradhi yalipozidi, mji ulihamishwa, na mahame yakangoja.

Katika karne ya 18 na ya 19, Waluo nao walienea kusini ya Ghuba ya Winam. Wasuba waliishi nao kwa vita na kwa amani, kwa biashara na kwa ndoa. Mama Mluo alimlea mtoto wa Msuba kwa Kiluo, na baada ya vizazi vichache Kiluo kikawa lugha ya nyumbani. Kazi hiyo ilikamilishwa na misheni na shule. Tangu Waadventisti walipofungua kituo chao Gendia mwaka 1906, Kiluo ndicho kilichoandikwa na kufundishwa katika sehemu hizo. Kisuba hakikupata kitabu. Franz Rottland na Duncan Okoth Okombo walipochapisha uchunguzi wao mwaka 1992, Kisuba kilikuwa kimerudi nyuma sana huku bara, na Mfangano ndiyo iliyokuwa ngome yake.

Pamoja na hayo, majina hayakufutika. Kiambishi aba- cha Kibantu kilikipisha kiambishi jo- cha Kiluo, lakini shina la jina la ukoo likabaki pale pale. Jina Kaksingri lenyewe linaanza kwa ka- ya Kiluo, ambayo huonyesha kwao kwa mtu, juu ya shina la zamani. Hivyo wasemaji walibadili lugha bila kupoteza kumbukumbu ya nani alikaa wapi.

Walioondoka

Mwanzoni mwa miaka ya 1890 sotoka iliangamiza ng'ombe katika Afrika ya Mashariki. John Ford, mwaka 1971, na Helge Kjekshus, mwaka 1977, walieleza matokeo ya misiba ya namna hii. Binadamu na mifugo wanapokuwa wengi, moto, shoka na malisho huzuia vichaka. Wanapopungua, vichaka husonga, wanyama wa mwitu hurudi, na mbung'o huwafuata. Kwa hoja hiyo, pori lenye mbung'o mara nyingi ni alama ya msiba uliotangulia.

Kisha ukaja ugonjwa wa malale. Katika miaka ya kwanza ya karne ya 20 uliwaua watu zaidi ya 200,000 katika Busoga na pwani za Uganda. Mwaka 1903 David Bruce alithibitisha kwamba mbung'o ndiye auenezaye, na baadaye Gavana Hesketh Bell akaamuru watu waondolewe kando ya ziwa na visiwani. Pwani za Nyanza, ambazo mpaka mwaka 1902 zilihesabiwa kuwa sehemu ya Uganda, hazikusalimika. Zile nchi ambazo wahenga wa Wasuba walikuwa wamezikimbia kwa hofu ya upanga ziliwaletea wajukuu wao maradhi kwa njia ile ile ya maji.

Tena, mbung'o wa nchi hii ni wa aina mbili. Mmoja hukaa kando ya maji, na huwapata wavuvi na wanawake wachotao maji. Mwingine hukaa vichakani, hasa Lambwe, na huwapata wachungaji na wakata kuni. Watu walibanwa pande zote mbili, ziwani na bondeni. Mwishoni mwa miaka ya 1950 malale ya aina kali, iuayo kwa haraka, ilianza kuonekana Lambwe, na bonde likazidi kuogopwa.

Bonde la Lambwe baada ya Uhuru

Baada ya mwaka 1963 serikali ililitazama bonde hili kwa macho mawili. Kwa jicho la kwanza liliona ardhi ya kulima: katika miaka ya 1960 vichaka vilikatwa na wakulima wakapewa mashamba. Kwa jicho la pili liliona hazina ya wanyama, hasa swala aitwaye korongo, ambaye katika Kenya amebaki hapa tu. Mwaka 1966 sehemu ya bonde ikatangazwa kuwa hifadhi ya wanyama, na mwaka 1983 ikawa Mbuga ya Taifa ya Ruma, yenye eneo la kilomita za mraba 120 hivi.

Mipango hiyo miwili ilipingana. Mkulima aliambiwa afyeke ili mbung'o asipate kivuli, na jirani yake vichaka vililindwa kwa sheria. Malale ilizuka tena mwanzoni mwa miaka ya 1980, na mwaka 1981 ndege zilinyunyiza dawa juu ya bonde. Kisha mitego, dawa za mifugo na kuongezeka kwa mashamba vikampunguza mbung'o. Mwaka 2025 Shirika la Afya Duniani lilithibitisha kwamba malale si tatizo la afya ya umma tena katika Kenya.

Msamiati wa haki

Ugonjwa umeondoka, lakini swali la ardhi limebaki. Kiluo hutofautisha wuon lowo, yaani mwenye ardhi, na jadak, mtu aliyekaribishwa kukaa na kulima. Pia kina neno gunda, ambalo ni mahame: mahali palipokuwa na mji, penye makaburi na alama za boma. Gunda ni ushahidi. Mtu akionyesha gunda la babu yake anadai kwamba kuondoka hakukuwa kuikana ardhi.

Sheria ya mwaka 1968 ya kuamua haki za ardhi iliagiza haki za kimila zichunguzwe na kuandikwa, kisha hati zitolewe. Haikudharau mila, lakini ilibadili maana ya wakati. Uhusiano wa mwenyeji na jadak ulikuwa ukipimwa upya kila kizazi. Uandikishaji uliukomesha katika siku moja. Aliyekuwapo siku hiyo alikuwa na nyumba na shamba la kuonyesha. Aliyefukuzwa na mbung'o alikuwa na gunda tu. Na palipotangazwa hifadhi, hata gunda halikuwa na baraza la kulisikiliza.

Hitimisho

Katika sensa ya mwaka 2019 watu zaidi ya 150,000 walijiandikisha kuwa Wasuba, ingawa wengi wao husema Kiluo. Juhudi za kukifundisha Kisuba shuleni, zilizoanza katika miaka ya 1990, hutetewa kwa hoja ya utamaduni. Iko hoja nyingine isiyopungua uzito. Majina ya koo, ya vilima, ya vijito na ya mahame ndiyo hati za watu waliohama kabla hati hazijaandikwa. Wazee wanaoyajua wanapungua. Kuyakusanya na kuyaweka katika ramani, pamoja na maana zake kwa Kisuba na kwa Kiluo, ni kazi ya wanaisimu kama ilivyo ya wanahistoria, na inafaa ifanywe kabla ya kesi nyingine ya mpaka kuamuliwa kwa kumtazama aliyepo peke yake.