Tarehe ya Wagalu, na Wagika Pale Inapobidi

Kila mwezi wa Juni, magari yanapoanza kumiminika Kisesa kwa ajili ya Bulabo, sikukuu ya ngoma, hurudiwa kauli moja: kwamba mashindano ya ngoma ya Wasukuma yaliasisiwa na padri pale Bujora. Wageni wanaisema, walimu wanaifundisha, na siku hizi hata vijana wa Shinyanga, ambao damu yao ingepaswa kuwashtua, wanaiitikia. Padri David Clement aliikuta ngoma inachezwa. Alichokifanya, na tunamshukuru, ni kuipa uwanja na siku. Mwasisi ni Gumha. Na Ngika, kwa kuwa haki ni haki.

Wazee wanaisimulia hivi. Katikati ya karne ya 19, enzi za watemi, walikuwapo waganga wawili mashuhuri, kila mmoja na wafuasi wake, kila mmoja akidai kwamba dawa yake ndiyo yenye nguvu. Waganga wengine wangerogana usiku, mmoja akazikwa, na habari ingeishia hapo. Gumha hakuwa mganga wa namna hiyo. Dawa, alivyoona yeye, ipimwe mchana mbele ya watu. Basi wakapatana: wacheze siku moja, mahali pamoja, kila mtu na kundi lake, na watazamaji waamue kwa miguu yao. Atakayekimbiliwa na umati, dawa yake ndiyo kubwa. Wapo wasemao shauri hilo lilikuwa la wote wawili. Sisi kwetu tumelelewa tukijua ni la Gumha, wala sioni sababu ya kuwabishia walionilea.

Wafuasi wa Gumha ndio Wagalu, wa Ngika ndio Wagika. Ya Ngika yanatosha.

Tangu hapo Usukuma wa ngoma umegawanyika mara mbili. Uwe mcheza bugobogobo unayerusha jembe juu na kulidaka bila kukosa mdundo, uwe Myeye mwenye nyoka wake na dawa ya kuumwa na nyoka, uwe wa bununguli ambao wazee wao walikuwa wakiingia mashimoni kuwatoa nungunungu walao mazao, utaulizwa tu: wewe Mgalu au Mgika? Mtu huingizwa kwa dawa, hupewa miiko, na akishaingia hana ruhusa ya kushangilia upande wa pili hata kama moyo umemtoka.

Sheria ya mashindano ni ileile ya Gumha. Mavuno yakishaingia ghalani na watu wakapata nafasi, pande mbili hukaa uwanja mmoja, zikitazamana, na ngoma zote mbili hulia kwa wakati mmoja. Hapana hakimu mwenye karatasi. Umati ndio mzani, nao hauna adabu: unakuacha katikati ya wimbo ukaona vumbi la watu wanaokimbilia kwa mwenzako. Hapo ndipo manju, mtunzi na kiongozi wa nyimbo za kundi, hujulikana. Manju asiye na tungo mpya, anayerudia alizoimba mwaka jana, hubaki na ndugu zake na watoto wenye usingizi. Manju wa kweli hutunga usiku ule ule baada ya kusikia mpinzani ameimba nini, na asubuhi humjibu kwa kumtajia kasoro zake zote, za shambani na za nyumbani.

Tena kuna vivutio. Watu wameletewa chatu, wameletewa fisi, wameletewa sanamu za miti zenye viungo vinavyochezeshwa, yote ili macho yahame. Na juu ya hayo kuna samba, dawa ya mvuto, ambayo manju hukabidhiwa na mganga wake kabla ya kuingia uwanjani. Hapa kuna ugomvi wa siku nyingi na siwezi kuuruka. Wagika hupenda kusema kwamba Wagalu hushinda kwa samba tu, siyo kwa ngoma. Nawauliza: nyinyi hamna samba? Pande zote zina waganga, ndivyo shindano lilivyoanza. Dawa zikiwa zimesimama sawasawa, kinachobaki ni sauti, mguu na tungo, na ukiachwa mtupu uwanjani usimsingizie mganga.

Kuna Mzungu aliyeyaelewa mambo haya kuliko wengi. Hans Cory, mzaliwa wa Vienna, aliajiriwa na serikali ya Waingereza kama mwanasosholojia, akaandika juu ya sheria na mila za Wasukuma, na mwaka 1953 akatoa kitabu kuhusu michoro ya ukutani katika nyumba za Wayeye. Kwao Vienna walifungua jumba kubwa la opera mwaka 1869, la mawe na nakshi. Mtazamaji wa kule hukata tiketi akaketi kimya hadi mwisho, hata akichoshwa. Kwetu akichoka anavuka uwanja. Sijui opera ngapi za Ulaya zingesalimika kwa sheria ya Gumha.

Nirudi kwenye tarehe. Reli ya kutoka Tabora ilipita Shinyanga na kufika Mwanza mwaka 1928, pamba ikaleta fedha, na fedha ikaleta mavazi na ngoma kubwa zaidi. Watemi walikuwa wenyeji wa ngoma nyingi, na Shinyanga tulikuwa na Kidaha Makwaia wa Usiha, aliyeingia Baraza la Kutunga Sheria mwaka 1945. Mradi wa maendeleo ya Usukuma ulianza mwaka 1947, na watu wengi waliobanwa na ardhi wakahamia Geita. Walihamia na ng'ombe wao, na Ugalu wao na Ugika wao pia, kwa hiyo ukisikia leo mashindano Geita au Kahama usidhani yameletwa na dhahabu. Mgodi wa Geita ulikuwa umeanza miaka ya 1930, ukafungwa 1966, ukafunguliwa tena mwaka 2000. Ngoma haikufungwa.

Padri Clement, Mkanada kutoka Quebec, alianzisha misheni ya Bujora mwaka 1952. Wamisionari wengi waliomtangulia waliiona ngoma kuwa ni upagani wa kukimbiwa. Yeye alijenga kanisa la duara mithili ya nyumba ya Kisukuma, na maandamano ya Sikukuu ya Mwili na Damu ya Kristo yakafuatiwa na Wagalu na Wagika wakishindana; ndiyo Bulabo. Makumbusho yalifunguliwa mwaka 1968, na humo vyombo vya pande zote mbili vimewekwa katika banda moja. Mimi ningeweka mabanda mawili yanayotazamana, mlango kwa mlango, mgeni achague aingie wapi kwanza.

Mwaka 1963 serikali ilifuta utemi. Ngoma za ikulu za watemi ziliumia, kwa kuwa zilikuwa na mwenyewe na mwenyewe ameondolewa. Za Gumha hazikuwa na mtemi wa kuondolewa. Mwenye nazo ni manju, mganga na umati, na hao hawafutwi kwa sheria. Operesheni Vijiji ya mwaka 1974 iliwahamisha watu wa Shinyanga kwa lori. Hata hivyo bugobogobo ikasambaa nchi nzima hadi ikachezwa na watoto wa shule wasiojua neno la Kisukuma, wala kama jembe wanalolirusha ni la Mgalu au la Mgika.

Mwezi Septemba mwaka 2021, Rais Samia Suluhu Hassan alivishwa uchifu pale Kisesa kwa jina la Hangaya, na ghafla kila mtu akataka kujua mila za Wasukuma. Ndipo kauli ile ya padri na Bujora ikaenea zaidi, nami nikaona niandike.

Mgika atakayeona nimempunja Ngika, kalamu zinauzwa kila duka la Shinyanga mjini. Aandike ya kwao, tuyasome hadharani siku moja, uwanja mmoja, na watu wachague pa kusimama.