Kosa li Kiungoni

Kila kitu kilichoundwa na mwanadamu kwa vipande viwili au zaidi kina mahali pake pa udhaifu, na mahali hapo ni kiungo. Ubao mzima hauvuji. Huvuja mshono ulio kati ya ubao na ubao. Waya mzima haupotezi umeme mwingi. Umeme hupotea mahali waya unapokutana na waya mwenziwe. Insha hii yaeleza habari za viungo vya namna mbili: kimoja ni cha kamba, ambacho wazee wa Pate walikitumia kuundia vyombo vya safari, cha pili ni cha shaba, kilichomo katika motokaa na mitambo mingine ya umeme. Utaona, msomaji, ya kuwa adui wa viungo hivyo viwili ni mmoja, naye ni maji ya chumvi. Na akili itakiwayo katika kulitafuta kosa lake ni moja pia.

Tuanze na kamba. Katika karne ya 1 baada ya kuzaliwa Nabii Isa, mfanyabiashara mmoja wa Misri aliandika kwa Kigiriki kitabu cha kuwaongoza mabaharia wa bahari ya Hindi. Ndani yake alitaja mji mmoja wa pwani yetu uitwao Rhapta, akaeleza kuwa jina hilo lilitokana na vyombo vya kushonwa. Mtepe, ulioundwa katika visiwa vya Lamu, ulikuwa wa ukoo huo. Mbao zake hazikupigiliwa misumari ya chuma. Zilisimamishwa ubavu kwa ubavu, zikashikizwa kwa vijiti vya mti, kisha zikashonwa kwa kamba za makumbi ya nazi, na matundu ya mshono yakazibwa. Juu yake lilipandishwa tanga la mkeka. Wabajuni wa Pate na visiwa jirani walisifika kwa kazi hiyo, na mitepe ilisafiri pwani yote hata ilipotoweka katika nusu ya kwanza ya karne ya 20.

Mtepe ulikuwa chombo chepesi chenye kunyumbuka, kisichovunjika upesi kikigusa mwamba. Lakini ulivuja, na mabaharia walikuwa na kazi ya daima ya kufua maji. Kwa hiyo fundi wa mtepe hakuwa na budi kuujua mshono kuliko alivyoujua ubao. Kamba ilipochakaa, ilikatwa na mpya ikapitishwa. Chombo chenyewe kiliendelea kuishi. Hata majahazi ya misumari, yaliyoushinda mtepe, yalitaka uangalizi wa namna hiyo: pamba ya kalafati kati ya mbao, sifa ya kupaka ubavuni, na deheni ya shahamu na chokaa chini ya maji. Lihifadhi neno hili la deheni moyoni, kwa maana tutalirudia.

Sasa tuje kwenye shaba. Hakuna mtoto wa pwani asiyeijua tabia ya sinia ya shaba. Siku ya arusi hung'aa kama dhahabu. Ikiachwa miezi michache katika hewa ya bahari hufifia, ikaingia weusi, na mwisho kutu ya kijani. Mama huichukua ndimu na majivu, akaisugua mpaka ikarudi katika mng'ao wake. Kutu ile ni shaba yenyewe iliyogeuzwa na hewa, unyevu na chumvi. Katika sinia, haya ni aibu ya macho tu. Katika kiungo cha umeme, ni ugonjwa, kwa sababu shaba safi hupitisha umeme vizuri sana, lakini kutu yake huuzuia.

Sababu ya jambo hili ilianza kueleweka katika mwaka 1800, pale Mtaliana Alessandro Volta alipotangaza mtambo wake. Alipanga vipande vya madini ya namna mbili, kama shaba na zinki, na kati yake akaweka vitambaa vilivyoloweshwa maji ya chumvi. Umeme ukatoka. Hiyo ndiyo betri ya kwanza duniani. Lakini betri hiyo ilikuwa na bei yake: zinki ililiwa kadiri umeme ulivyotoka. Zingatia hapo, msomaji. Madini mawili yasiyofanana, na maji ya chumvi katikati: je, si hali ile ile ya kiungo cha shaba kilichofungwa kwenye bati la gari, kikapigwa na upepo wa Pate? Kila kiungo cha namna hiyo ni betri ndogo isiyotakiwa na mtu, nayo hujila yenyewe usiku na mchana.

Mwingereza Humphry Davy aliigeuza elimu hiyo kuwa dawa. Merikebu za kivita za Uingereza zilikuwa zimefunikwa mabamba ya shaba chini ya maji, na shaba hiyo ililiwa na bahari. Mwaka 1824 Davy alionyesha kuwa kipande cha zinki au chuma kikigusana na shaba, bahari hukila hicho na kuiacha shaba. Alifaulu, lakini kufaulu kwake kulileta tatizo jipya: shaba isiyoliwa haikutoa tena sumu yake, na viumbe vya bahari vikajishikiza kwa wingi katika merikebu. Hata hivyo fikira yake haikupotea. Ukitazama mashine ya mashua leo, utaona pande la zinki limefungwa upande wa maji. Kazi yake ni kuliwa, ili mashine isiliwe.

Umeme ulipofika pwani yetu, haukuja kwa taa wala kwa motokaa. Ulikuja kwa simu ya maandishi. Mwaka 1879 waya wa chini ya bahari uliunganisha Aden na Unguja. Mwaka 1890 waya mwingine ukatoka Unguja hata Mombasa, na mwaka 1891 waya wa juu ya nguzo ukafika Lamu kwa njia ya Malindi. Mafundi wa simu walikutana mara moja na tatizo letu. Waya wa maili mamia una viungo vingi. Ujumbe ukikoma, atajuaje fundi ni kiungo gani kimekufa? Hawezi kupasua bahari yote.

Jibu lilitokana na Mjerumani Georg Ohm, aliyetoa kanuni yake katika mwaka 1827. Alifundisha kuwa kila waya una ukinzani, na kuwa volti zinazopotea mahali popote ni sawa na mkondo wa umeme ukizidishwa kwa ukinzani wa mahali hapo. Kwa kanuni hiyo fundi aliyekaa ufukoni aliweza kupima ukinzani wa waya ulio chini ya bahari na kukadiria kosa lilikuwa umbali gani. Meli ikatumwa mahali hapo, waya ukavutwa juu, ukaunganishwa upya. Hii ndiyo hatua kubwa katika historia ya ufundi: kosa lisiloonekana kwa macho lilianza kutafutwa kwa hesabu.

Motokaa za kwanza zilitumia umeme kidogo, wa kuwashia moto ndani ya injini tu. Mambo yaligeuka mwaka 1912, ambapo motokaa za Cadillac za Marekani zilitiwa stata ya umeme iliyobuniwa na Charles Kettering. Tangu hapo gari likawa na betri, dainamo, taa na swichi, na viungo vikaongezeka mwaka hata mwaka. Magari ya Uingereza, yaliyojaa Afrika ya Mashariki, mengi yalitiwa vifaa vya umeme vya kampuni ya Lucas. Viungo vyake vya kawaida vilikuwa vipande vya shaba mfano wa risasi ya bunduki, vilivyosukumwa ndani ya mfereji wa shaba na kuvikwa mpira. Land Rover, iliyoonyeshwa mara ya kwanza mwaka 1948, ilikuwa na vya namna hiyo.

Kisiwa cha Pate hakikuwa nchi ya motokaa. Kutoka Pate hata Siyu, Faza na Kizingitini, watu walikwenda kwa miguu, kwa punda na kwa mashua, na ni katika miaka ya karibuni tu pikipiki zimekuwa nyingi. Magari ya bara yaliishia Mokowe, ng'ambo ya Lamu. Lakini chumvi ya Mokowe ni chumvi ya Pate, na njia mbaya za mchanga na matope zilitikisa kila kiungo mpaka kikalegea. Mpira wa kiungo ukipasuka kwa jua, unyevu huingia. Unyevu ukiingia, kutu ya kijani huanza.

Hapa ndipo watu wengi hukosea. Taa za gari zikififia, husema betri imekufa, wakanunua mpya. Stata ikinung'unika, husema stata imeungua, wakaagiza nyingine kutoka Mombasa. Kifaa kipya hufungwa kwenye kiungo kile kile kibovu, na baada ya siku chache ugonjwa hurudi. Fedha imekwenda, na kosa limebaki.

Tumia kanuni ya Ohm nawe utaona. Chukua taa ya mbele ya gari yenye kutumia mkondo wa ampea 5. Kiungo chake kikiwa na ukinzani wa omu 0.4 kwa sababu ya kutu, volti 2 hupotea hapo. Betri hutoa volti 12, lakini taa hupata 10, na nuru yake hushuka hata karibu na nusu. Zile volti 2 hugeuka joto la wati 10 ndani ya kiungo, joto liwezalo kuyeyusha ganda lake. Stata ni hatari zaidi, kwa kuwa huvuta mkondo mkubwa mno. Ikivuta ampea 150, ukinzani mdogo wa omu 0.02 tu hupoteza volti 3. Ndiyo sababu kutu isiyozidi unene wa karatasi yaweza kulifanya gari zima lisiwake.

Tena kuna hila moja iliyowadanganya mafundi wengi. Ukipima volti kwenye kiungo kibovu hali taa imezimwa, mita yaweza kuonyesha 12 kamili. Mita huvuta mkondo mdogo mno, na mahali pasipo mkondo hapapotei volti. Kiungo ni kama mtu asemaye kuwa ana nguvu kabla hajatwikwa mzigo. Kwa hiyo mpime akiwa na mzigo: washa taa, kisha weka ncha moja ya mita upande huu wa kiungo na ncha ya pili upande ule. Kiungo kizima huonyesha karibu na sufuri. Kikionyesha volti 1 au 2, umempata mwizi. Endelea hivyo kiungo kwa kiungo kutoka betri hata taa, wala usisahau njia ya kurudi, yaani ule waya unaofungwa kwenye bati la gari. Ukiona taa moja inafifia pindi nyingine inapowashwa, shuku kwanza njia hiyo ya kurudi.

Macho na mikono nayo ni vyombo vya kazi. Tingisha waya taratibu: taa ikimetameta, kosa li karibu. Gusa viungo baada ya kazi: kilicho na joto kuliko wenzake ndicho kigonjwa.

Tiba yake si ngumu, lakini yataka utaratibu. Kwanza ondoa waya wa betri ule uendao kwenye bati la gari, usije ukapiga cheche. Vua na pete kidoleni. Kwenye vichwa vya betri utaona mara nyingine unga wa samawati kama mrututu, na kwa hakika ndio, maana asidi ya betri ikikutana na shaba huzaa mrututu. Uoshe kwa maji ya magadi, kwa kuwa magadi huvunja nguvu ya asidi. Usitumie ndimu hapo. Ndimu ni asidi juu ya asidi. Kiungo kidogo cha shaba kisugue mpaka king'ae, kikaushe vizuri, na kama kimelegea kibane. Waya uliogeuka mweusi au kijani ndani ya ganda lake haufai kuunganishwa. Ukate mpaka ufikie shaba inayong'aa. Mwisho, funga kwa nguvu, kisha upake grisi ya betri au vaselini nje ya kiungo ili unyevu usiingie. Hiyo, msomaji, ndiyo deheni ya umeme.

Leo elimu hii haimhusu mwenye motokaa kuukuu peke yake. Mashine za mashua, pikipiki, na mabamba ya umeme wa jua yaliyo juu ya mapaa ya Pate yote yana viungo vya shaba, na yote yako mbele ya upepo wa bahari. Mashua inayompeleka mgonjwa Lamu usiku, ikikosa kuwaka kwa sababu ya waya wenye kutu, humwia mgonjwa ubaya ule ule wa mashua iliyopasuka.

Twazoea kuisoma historia ya Pate kwa majina ya masultani, vita na magofu, na ni vema tuyajue hayo. Lakini mji uliishi pia kwa mikono ya watu waliojua maji yaingia wapi. Mshona mtepe hakuwa na mita, wala hakumsikia Ohm. Lakini hakuteketeza chombo kizima kwa ajili ya kamba moja iliyooza. Alikitafuta kiungo, akakijaribu, akakitengeneza, akakipaka dawa, kisha akarudi baharini. Kijana wa leo akiongeza hesabu juu ya subira hiyo, atakuwa ameipokea mali bora kuliko magofu yote ya kisiwa chake.